Kupima Ukubwa wa Sauti kwa Sikio la Mtu



Aliye na redio nyumbani na ajaribu jambo hili jioni, wakati unapochezwa muziki wenye ngoma nene na waimbaji pamoja. Kwanza aifungue sauti mpaka chumba kijae. Kisha aipunguze polepole kwa kifungo chake, wala asiguse kitu kingine. Ataona ya kwamba sauti zile hazipungui sawasawa. Ngoma nene hutoweka kwanza, halafu hufifia sauti nene za wanaume, na mwishowe hubaki sauti ya mwimbaji peke yake, nyembamba, kama itokayo ndani ya kopo. Wako watu waliodhani redio imeharibika, wakaipeleka kwa fundi. Redio haina kosa. Kifungo kilipunguza kila sauti kwa kadiri moja. Aliyeipunguza ngoma zaidi ni sikio la msikilizaji.

Katika mazungumzo haya twataka kueleza jinsi wataalamu walivyopata kupima ukubwa wa sauti kama mtu aisikiavyo. Hatusemi nguvu za sauti zilizoko hewani. Hizo ni jambo jingine. Mambo haya mawili hufanana kama ndugu wa tumbo moja, lakini si mtu mmoja, na mwenye kuyachanganya aweza kupoteza masikio yake, kama tutakavyoonyesha mbele.

Kwanza tuangalie zilizoko hewani. Mpigaji apigapo ngoma, ngozi yake hutetemeka, ikiisukuma hewa na kuiacha, ikiisukuma na kuiacha. Msukumo huo huenda kwa mwendo wa yapata mita 340 kila sekunde, ukafika sikioni, ukakitikisa kiwambo kilichomo ndani. Ngozi ikitetemeka mara chache kwa sekunde, twasikia sauti nene. Ikitetemeka mara nyingi, twasikia sauti nyembamba. Sikio la kijana mzima husikia tangu mitetemo 20 kwa sekunde hata 20,000 au karibu yake. Tena hewa ikisukumwa kwa nguvu nyingi, sauti huwa kubwa. Ikisukumwa kidogo, huwa ndogo.

Lakini ajabu ya sikio ni upana wa kazi yake. Sauti ndogo kabisa ambayo mtu aweza kuisikia mahali palipo kimya huisukuma hewa kwa kadiri iliyo ndogo kuliko uzito wa hewa ituzungukayo mara milioni elfu tano. Na sauti inayoanza kuumiza sikio huisukuma hewa mara milioni moja kuliko ile ndogo. Ukihesabu nguvu zinazochukuliwa na hewa badala ya msukumo, tofauti si mara milioni, ni mara milioni milioni. Mizani gani yaweza kupima punje moja ya mtama na papo hapo ikapima shehena za meli zote zilizotia nanga bandarini? Sikio hulifanya jambo hilo kila siku, wala halina kelele juu yake.

Kwa sababu ya upana huo, mafundi wa simu wa Marekani katika miaka ya 1920 waliacha kuhesabu kwa kujumlisha, wakahesabu kwa kuzidisha. Walisema: kila nguvu za sauti zinapozidi mara kumi, tutahesabu hatua moja. Hatua hiyo waliiita beli, kwa heshima ya Alexander Graham Bell, mtu wa simu, aliyekuwa mwalimu wa viziwi na ambaye mkewe mwenyewe alikuwa kiziwi. Hatua ya beli moja ilikuwa ndefu mno kwa kazi ya kila siku, basi wakaikata vipande kumi, na kila kipande ni desibeli moja. Kwa hiyo desibeli 10 ni nguvu mara 10, desibeli 20 ni mara 100, desibeli 30 ni mara 1,000. Desibeli 0 si kimya kitupu. Ni mahali sikio zima linapoanza kusikia. Mnong'ono ni yapata desibeli 30, na mazungumzo ya watu wawili wanaokaa karibu ni yapata 60. Mwanafunzi asiseme kwamba 60 ni mara mbili ya 30. Hapa 60 ni nguvu mara elfu.

Mafundi wakawa na chombo cha kunasa sauti na mshale wa kuonyesha desibeli. Je, kazi imekwisha? Haikwisha. Mwaka 1929 katika mji wa New York iliundwa kamati ya kutazama makelele ya mji. Kamati ilitembeza gari lenye vyombo vya kupimia mitaani, tena magazeti yakachapisha karatasi ambayo kila mwenye kero aliijaza na kuipeleka. Zilirudi karatasi zaidi ya 11,000. Watu walilalamikia malori, honi za motakaa, redio za madukani na majumbani, gari moshi zipitazo juu ya nguzo. Basi pale palikuwa na mashahidi wawili: mshale wa chombo, uliosema habari za hewa, na mwenyeji wa mtaa, aliyesema habari za sikio lake. Yupi asikilizwe? Na kama mwenyeji ndiye, ushahidi wake utaandikwaje kwa hesabu?

Ukimwuliza mtu, "Sauti hii ni kubwa kadiri gani?" atakujibu, "Kubwa sana," na mwenziwe atasema, "Si kubwa hata kidogo." Ni kama kununua nguo kwa mkono: mkono wa mwenye duka ni mfupi, wa mnunuzi ni mrefu, na ugomvi hauishi mpaka iletwe fimbo moja iliyokubaliwa na wote. Basi ilitakiwa fimbo ya sauti. Mjerumani mmoja, Heinrich Barkhausen wa Dresden, alitengeneza chombo cha namna hiyo katika miaka ya 1920. Msikilizaji alisikia makelele ya mahali kwa sikio moja, na kwa sikio la pili alisikia mlio wa chombo kwa simu. Aliuongeza au kuupunguza mlio hata zote mbili zikawa sawa kwake. Hakuulizwa sauti ni kubwa kadiri gani. Aliulizwa tu kama zimelingana. Kipimo chake kiliitwa foni, neno litokanalo na Kiyunani, maana yake sauti.

Lakini waliolifanya jambo hili kwa ukamilifu ni Wamarekani wawili, Harvey Fletcher na Munson, waliofanya kazi katika maabara ya Kampuni ya Simu ya Bell. Kampuni ilikuwa na haja yake: watu walilipa fedha ili wasikie maneno ya wenzao mbali, na kila kitu kilichowekwa katika waya bila kufika masikioni mwa mtu kilikuwa hasara. Walitangaza kazi yao mwaka 1933.

Njia yao ni nyepesi kuieleza, ijapokuwa kuifanya kwataka saburi nyingi. Walichagua sauti moja iwe fimbo, nayo ni mlio safi wa mitetemo 1,000 kwa sekunde, karibu na mluzi wa mtu apigaye kwa sauti ya chini. Msikilizaji mwenye masikio mazima alitiwa vikombe vya simu masikioni, akasikizwa mlio wa fimbo, kisha mlio mwingine, tuseme wa mitetemo 100, ulio mnene. Akaulizwa neno moja tu: "Upi mkubwa?" Mlio wa pili ukapandishwa au ukashushwa, akaulizwa tena, hata ikapatikana desibeli ambayo hapo hakuweza kusema upi wamzidi mwenziwe. Kisha wakahamia mitetemo mingine, na mingine, tena kwa sauti ndogo, na ya kadiri, na kubwa. Na kazi yote ikarudiwa kwa wasikilizaji wengine, maana sikio la mtu mmoja si ushahidi. Majibu yao yakawekwa katika picha ya mistari, kila mstari ukionyesha sauti zote ambazo masikio huziona kuwa sawa kwa ukubwa, ijapokuwa chombo huziona mbalimbali.

Kanuni yake ni hii. Mlio wa mitetemo 1,000 ukiwa na desibeli 40, ukubwa wake ni foni 40. Mlio mwingine wowote, uwe mnene au mwembamba, unaolingana nao masikioni, huo nao ni foni 40, hata kama mshale wa chombo wasema vingine. Na kweli husema vingine. Kwa hesabu zinazokubaliwa siku hizi, mlio wa mitetemo 100 hauna budi kufika yapata desibeli 64 ndipo ulingane na ule wa 40. Ni tofauti ya desibeli 24, yaani nguvu zaidi ya mara mia mbili, na sikio lasema, "Zote sawa." Kwa upande mwingine, mlio wa mitetemo 3,000 au 4,000 hauhitaji hata 40, chini yake kidogo watosha.

Sababu moja ya upendeleo huu twaweza kuifahamu bila shida. Tundu la sikio ni kama filimbi iliyozibwa upande mmoja, na urefu wake ni yapata sentimita mbili na nusu. Kila filimbi ina sauti yake inayoipenda, na filimbi ya urefu huo hupenda mitetemo 3,000 na kitu. Basi sauti za namna hiyo zikiingia, tundu huzikuza kabla hazijafika kwenye kiwambo. Kilio cha mtoto mchanga kina sauti nyingi zilizo karibu na hapo, na konsonanti nyingi za maneno yetu hali kadhalika. Msomaji atahukumu mwenyewe kama ni bahati au ni hekima ya Muumba.

Sasa redio yetu yaelezeka. Mistari ile hailingani. Ile ya sauti ndogo huinama sana upande wa sauti nene, na ile ya sauti kubwa hunyoka kidogo. Maana yake, muziki ukiwa mkubwa, sikio huipa ngoma karibu haki yake. Muziki ukiwa mdogo, huipunja. Ndiyo maana mafundi wa redio na gramafoni walitia katika baadhi ya mashine kifungo cha kuongeza sauti nene wakati muziki unapochezwa chini chini.

Mistari ya Fletcher na Munson ilifanyiwa kazi tena. Mwaka 1956 Waingereza wawili, Robinson na Dadson, walipima upya katika maabara ya taifa huko Teddington, na matokeo yao yakawa ndiyo makubaliano ya mataifa kwa miaka mingi. Baadaye wataalamu wa Ujapani, Udachi na nchi nyingine walipima, wakaona hayalingani, hasa upande wa sauti nene, na mwaka 2003 yakatolewa makubaliano mapya. Jambo la kuchekesha ni kwamba katika sehemu kubwa ya picha mistari hii mipya yarudi karibu na ile ya kale ya 1933, kuliko ile ya 1956. Wazee wale wawili na vikombe vyao vya simu hawakukosea sana.

Mtu atasema, "Haya ni ya wataalamu, mimi yanihusu nini?" Yamhusu, kwa kuwa sheria za makelele huandikwa kwa vipimo hivi. Mwaka 1936 Wamarekani walikubaliana namna ya kutengeneza vyombo vya kupimia sauti. Chombo kilitiwa kichujio cha kuiga sikio: kichujio A kwa sauti ndogo, kilichotokana na mstari wa 40, na kingine kwa sauti za kadiri, na kwa sauti kubwa, kipimo kisichochuja karibu kitu. Ilikuwa akili nzuri. Lakini miaka ilivyopita, watu walizoea kichujio A peke yake wakakitumia kwa kila kitu, hata kwa mashine za viwanda na ndege. Kichujio hicho hupunguza mlio wa mitetemo 100 kwa desibeli 19, na wa mitetemo 50 kwa desibeli 30. Kwa sauti ndogo hilo ni sawa. Kwa sauti kubwa, sikio halizipunguzi sauti nene kwa kadiri ile.

Fikirini basi mtu anayelala nyuma ya ukumbi wa muziki au karibu na injini ya umeme. Ukuta huzuia sauti nyembamba, lakini nene hupenya. Maneno ya wimbo hayasikii. Asikiacho ni ule mdundo tu, kitandani, kifuani, usiku kucha. Anakwenda kushtaki. Analetwa mtu na chombo, kichujio ni A, mshale unaonyesha hesabu ndogo, mshtaki anaambiwa ana maneno mengi. Sisi twaona katika shauri la namna hii sikio la mshtaki lastahili kuaminiwa kuliko mshale, au walau chombo kisomwe mara mbili, kwa kichujio A na bila kichujio, na hesabu zote mbili ziandikwe. Tofauti ikiwa kubwa, hapo pana sauti nene nyingi, na mtu yule hakusema uongo.

Turudi kwenye foni, maana bado ina upungufu. Foni hutuambia sauti ipi yalingana na ipi, na ipi yaizidi ipi. Haituambii yaizidi mara ngapi. Ni kama nafasi za wanafunzi katika mtihani: twajua nani wa kwanza na nani wa pili, lakini hatujui kama wa kwanza amemzidi mwenziwe kwa alama moja au kwa alama thelathini. Fletcher na Munson walitafuta njia kwa werevu: walichukua ya kuwa sauti isikiwayo kwa masikio mawili ni kubwa mara mbili kuliko ikisikiwa kwa moja, wakahesabu kutoka hapo. Wengine waliwauliza watu waziwazi: "Ipunguze sauti hii hata ionekane nusu yake." Mwaka 1936 Stanley Smith Stevens wa Chuo Kikuu cha Harvard alileta kipimo kiitwacho soni. Soni 1 ni ukubwa wa mlio wa foni 40. Sauti ionekanayo mara mbili yake ni soni 2, na mara nne ni soni 4. Majibu ya watu hutofautiana sana katika jambo hili, kwa sababu nusu ya sauti si kitu cha kukatwa kwa kisu. Lakini ukichukua wengi pamoja, kanuni hutokea: kila foni 10 zikiongezeka, ukubwa huonekana mara mbili. Foni 50 ni soni 2, foni 60 ni soni 4, foni 70 ni soni 8.

Tazameni sasa lililojificha humo. Ngoma moja ikipigwa, kisha zikaongezwa nyingine tisa za namna ileile na za nguvu ileile, nguvu za sauti hewani zimezidi mara kumi, yaani desibeli 10. Nasi tumesema ya kwamba desibeli 10 husikika kama mara mbili tu. Basi wapigaji kumi hutoka jasho, na sikio lasikia kama wawili. Ngoma mbili kwa moja ni desibeli 3 tu, na msikilizaji asiyeangalia huenda asitambue sana kwamba mpigaji wa pili amefika. (Zikiwa ngoma za sauti mbalimbali, vumi na chapuo pamoja, ukubwa huzidi kuliko hivyo, maana kila moja hugusa mahali pake ndani ya sikio; wenye kupanga ngoma za harusi walilijua hili kabla ya maabara yoyote.)

Hapa ndipo penye hatari tuliyoitaja mwanzo. Sehemu ya ndani ya sikio imejikunja kama kombe la konokono, na humo zimo chembe zenye vinywele, yapata 15,000 katika kila sikio. Hizo ndizo zipokeazo mtetemo na kupeleka habari kwenye ubongo. Zikifa, kwa mwanadamu hazioti tena. Nazo hazichoki kwa kadiri ya ukubwa unaosikiwa. Huchoka kwa kadiri ya nguvu zinazoingia na muda zinaoingia. Hesabu moja ni ya sikio lisikialo, na nyingine ni ya sikio liumialo.

Taasisi ya Marekani itazamayo afya ya wafanya kazi ilitoa shauri lake mwaka 1998: mtu asikae katika makelele ya desibeli 85, kwa kichujio A, kupita saa 8 kwa siku, na kila desibeli 3 zikiongezeka, muda ukatwe nusu. Desibeli 88, saa 4. Desibeli 91, saa 2. Desibeli 94, saa 1. Desibeli 100, robo saa. Sasa linganisheni. Mashine ya kusaga yenye desibeli 85 na nyingine yenye 95: sikio la msagaji lasema, "Hii ya pili ni mara mbili ya ile." Naye kwa akili nzuri aweza kufikiri, "Basi nitafanya kazi nusu ya siku." Kumbe nguvu ni mara kumi, na muda wake si nusu ya siku; hautimii hata saa moja. Sikio lake limemshauri vibaya, tena kwa unyofu kabisa.

Na baada ya wiki chache atasema amezoea. Neno hili twalisikia mara nyingi viwandani, na kwa vijana wanaosimama mbele ya vipaza sauti, na kwa wale watiao vijidude vya kusikilizia ndani ya masikio tangu asubuhi hata usiku. Mara nyingine aliyezoea ni ubongo, umeacha kuangalia. Mara nyingine ni chembe zilizokwisha kufa, ndiyo maana sauti imepungua. Shirika la Afya la Dunia lilieleza mwaka 2021 kwamba vijana zaidi ya milioni elfu moja wamo hatarini kwa ajili ya kusikiliza sauti kubwa kwa anasa.

Mlio wa bunduki una hila zaidi. Sikio lataka kama sehemu ya tano ya sekunde ndipo lijaze hesabu yake ya ukubwa. Sauti fupi kuliko hiyo huonekana ndogo kuliko ilivyo. Bunduki hufika desibeli 140 na kupita, lakini ni kufumba na kufumbua, na mwindaji huona ni mshindo tu. Vinywele vyapokea yote.

Asiye na chombo ana kipimo cha kutosha katika kinywa chake. Ukisimama na mwenzio kwa umbali wa mkono mmoja ulionyooshwa, ikakupasa kupaza sauti ndipo akusikie, makelele ya pale huenda yamefika desibeli 85 au zaidi. Na ukitoka mahali masikio yakawa yanalia kama nyenje, au maneno ya watu yakawa kama yanatoka nyuma ya pazia, umekwisha pita mpaka.

Wenye kutangaza nao wamefaidika na elimu hii. Watazamaji wa televisheni huko Ulaya na Marekani walilalamika miaka mingi kwamba matangazo ya biashara huwapigia kelele kuliko michezo yenyewe, na wenye matangazo walijibu kwamba mshale haukupita alama. Walisema kweli, na watazamaji nao walisema kweli: mshale ulipima kilele cha nguvu, na masikio yalipima ukubwa. Mwaka 2006 chama cha mataifa cha mawasiliano kilitoa njia ya kupima ukubwa wa matangazo kwa kadiri ya sikio, na sheria ya Marekani ya kuzuia kelele za matangazo ya televisheni ilianza kufanya kazi mwishoni mwa mwaka 2012.

Limebaki neno moja ambalo wasomaji wengi watalitambua nyumbani kwao. Mistari ile ya mataifa imepimwa kwa vijana wazima wa miaka 18 hata 25. Basi sikio la fimbo ni sikio la kijana. Bibi aliyezeeka, au fundi wa mabati aliyegonga miaka thelathini, hayumo katika picha ile. Chembe zake nyingi zimekufa, na sauti ndogo hazifiki tena. Lakini sauti kubwa humfikia karibu kwa ukubwa uleule umfikiao kijana. Kwa hiyo toka asiposikia hata panapomwumiza, njia yake ni fupi, na sauti hupanda kwake kwa ghafula. Mjukuu asema polepole, bibi ajibu, "Sema kwa nguvu, sisikii." Mjukuu apaza sauti, naye bibi akunja uso, "Mbona wanipigia kelele?" Watoto hucheka, wakidhani anafanya ukaidi. Yote mawili aliyoyasema ni kweli, na dawa yake si kupiga kelele: ni kumkaribia, kukaa mbele yake aone kinywa, na kusema kwa sauti ya kadiri, neno baada ya neno.